Madaraja ya Mbio za Farasi

Madaraja ya mbio za farasi ni mpango wa kimataifa wa kuzipanga mbio za thorobredi kufuatana na ubora wa farasi wanaozikimbia. Ngazi ya juu kabisa huitwa Kundi la 1. Chini yake lipo Kundi la 2, kisha Kundi la 3, na mwisho mbio zilizoorodheshwa. Marekani na Kanada husema Gredi badala ya Kundi, lakini ngazi ni zilezile. Mbio nyingine zote, yaani hendikapu za kawaida (ambamo farasi bora hubebeshwa mzigo zaidi) na mbio za farasi ambao hawajawahi kushinda, ziko nje ya madaraja haya, na ndizo nyingi zaidi kila mahali duniani.

Mtu aliyeketi Mwembe Tayari, Mombasa, akifuatilia mbio za Uingereza au Dubai kwenye simu yake huziona alama hizi kando ya jina la mbio: G1, G2, G3, L. Wengi hudhani zinaonyesha ukubwa wa zawadi. Hilo ni kosa linalostahili kusahihishwa mapema, kwa sababu linaficha jambo lenyewe. Daraja halinunuliwi, wala halitolewi kwa heshima ya jina au umri wa mbio. Hupatikana kwa hesabu, na kwa hesabu hupotea.

Thorobredi ni jamii ya farasi iliyokuzwa Uingereza tangu mwisho wa karne ya 17 kwa kuwapandisha majike wa huko na madume walioletwa kutoka nchi za Mashariki. Ukoo wa kiumeni wa thorobredi wote waliopo leo huishia kwa madume watatu: Byerley Turk, Darley Arabian na Godolphin Arabian. Darley Arabian alinunuliwa Aleppo, Shamu, na kufikishwa Uingereza mwaka 1704. Farasi wa Kiarabu si mgeni katika historia ya pwani yetu pia. Sayyid Said wa Unguja alipoipeleka merikebu yake Sultana New York mwaka 1840, miongoni mwa zawadi alizompelekea Rais wa Marekani walikuwamo farasi wawili wa aina hiyo.

Kipimo

Msingi wa hesabu yote ni ratili. Ubora wa kila farasi huandikwa kwa alama, na alama moja ni sawa na ratili moja ya mzigo mgongoni. Farasi mwenye alama 120 akikutana na mwenye 110 katika hendikapu, hubebeshwa ratili 10 zaidi, yaani kilo nne na nusu hivi, ili kwa hesabu wafike pamoja. Mzigo huo ni joki mwenyewe, tandiko lake, na vipande vya risasi vinavyochomekwa katika mifuko midogo ya kitambaa cha tandiko. Kabla ya mbio joki hupanda mizani amekumbatia tandiko. Akishuka mgongoni baada ya mbio hulifungua kwa mkono wake, hulibeba na kurudi nalo mizanini mbele ya msimamizi. Ratili zikipungua kupita kiasi kinachoruhusiwa, ushindi hufutwa hata kama watu wameshashangilia.

Wapangaji wa alama hutazama pengo kati ya farasi na farasi mwisho wa mbio. Katika mita 1000, urefu wa mwili mmoja wa farasi huhesabiwa kama ratili 3. Katika mita 2400 urefu huohuo ni kama ratili moja na nusu tu, kwa sababu mzigo uleule humchelewesha farasi zaidi kadiri njia inavyorefuka. Kutokana na mapengo hayo, na kwa kulinganisha mbio moja na nyingine ambazo farasi walewale wamekimbia, kila farasi hupata alama yake. Mwisho wa mwaka wapangaji wa nchi mbalimbali hukaa pamoja kuzithibitisha. Frankel wa Uingereza alimaliza mwaka 2012 na alama 140, na Flightline wa Marekani akamfikia mwaka 2022. Dancing Brave alikuwa amepewa 141 mwaka 1986, lakini hesabu za zamani zilipopitiwa upya alishushwa hadi 138. Watu waliomwona akikimbia hawakufurahi, lakini mpango unaokataa kujirekebisha usingeaminiwa na mtu.

Alama ya farasi ikishajulikana, alama ya mbio hufuata kwa urahisi. Huchukuliwa alama za farasi wanne wa kwanza na kutafutwa wastani. Tuseme mbio fulani zilimalizwa na farasi wenye alama 118, 116, 113 na 109. Jumla ni 456, na wastani ni 114. Kizingiti cha Kundi la 1 kwa farasi wa miaka mitatu na zaidi ni 115. Kundi la 2 ni 110, Kundi la 3 ni 105, na mbio zilizoorodheshwa ni 100. Mbio hizo basi zimekosa ngazi ya juu kwa alama moja. Hata hivyo hazishushwi papo hapo, kwa kuwa hesabu huangalia wastani wa miaka mitatu, na kwa kawaida onyo hutangulia. Mbio za majike peke yao na za farasi wa miaka miwili zina vizingiti vya chini kidogo.

Kuhesabu farasi wanne badala ya mshindi peke yake ni uamuzi wa busara sana. Bingwa mmoja anaweza kwenda popote akawashinda wanyonge. Wa pili, wa tatu na wa nne ndio wanaoonyesha kama bingwa alikuwa na mtu wa kushindana naye.

Sharti jingine linahusu mizigo. Ulaya hairuhusu hendikapu kuwa Kundi la 1. Katika kundi hilo farasi wote hubeba uzito sawa, isipokuwa tofauti za umri na jinsia zilizowekwa katika jedwali ambalo asili yake ni kazi ya Admeri Henry Rous wa Uingereza katika karne ya 19. Katika Kundi la 2 na la 3, farasi aliyekwisha kushinda ngazi ya juu anaweza kuongezewa ratili. Australia ina desturi tofauti: Melbourne Cup, inayokimbiwa tangu 1861 na sasa kwa mita 3200, ni hendikapu na bado ni Kundi la 1.

Kwa nini madaraja yalibuniwa

Kabla ya mpango huu, heshima ya mbio ilitokana na mazoea. Uingereza ilikuwa na mbio tano za farasi wa miaka mitatu zilizohesabiwa kuwa kipeo: St Leger ya 1776, Oaks ya 1779, Derby ya 1780, 2000 Guineas ya 1809 na 1000 Guineas ya 1814. Kazi yake ilikuwa kuchagua wazazi wa kizazi kijacho, ndiyo maana farasi aliyehasiwa haruhusiwi kuingia hata leo. Zaidi ya hizo, kila mwenye uwanja alizisifu mbio zake apendavyo, na mnunuzi wa mtoto wa farasi hakuwa na njia ya kujua kama ushindi wa mama yake ulikuwa wa maana. Kamati ya Duke of Norfolk ilitoa taarifa yake mwaka 1965, ikitaka mbio bora zipangwe kwa utaratibu katika mwaka mzima. Mwaka 1971 Uingereza, Ufaransa na Ireland zikaanza kutumia makundi kwa pamoja. Marekani ilifuata mwaka 1973.

Matokeo yake yanaonekana vizuri zaidi katika katalogi ya mnada. Kila mtoto wa farasi hupewa ukurasa mmoja, na ukurasa huo hueleza ukoo wa mama. Ndugu aliyeshinda mbio za daraja jina lake huchapwa kwa herufi kubwa nzito. Aliyetoka wa pili au wa tatu huchapwa kwa herufi nzito ndogo. Wengine wote, hata walioshinda mara kumi katika mbio za kawaida, huandikwa kwa wino wa kawaida. Mnunuzi mzoefu huutupia ukurasa jicho akajua thamani yake kabla hajasoma neno, na unene wa herufi hizo unaweza kubadilisha bei mara nyingi.

Ili wino mzito usitumiwe ovyo, Shirikisho la Kimataifa la Mamlaka za Mbio za Farasi, lenye makao yake Ufaransa, hushirikiana na wanaminada kuchapisha kitabu cha viwango kila mwaka. Nchi za sehemu ya kwanza ya kitabu hicho, zikiwamo Uingereza, Ufaransa, Marekani, Japani, Afrika Kusini na Falme za Kiarabu, madaraja ya mbio zao hukubaliwa kila mahali.

Kitabu hicho hakina upendeleo. King's Stand Stakes ya Royal Ascot, Uingereza, ilishushwa Kundi la 2 mwaka 1988 na ikakaa huko miaka 20 kabla ya kurudishiwa hadhi yake mwaka 2008. Italia iliona Derby yake ikipoteza Kundi la 1 mwaka 2009. Upande wa fedha, mfano ulio wazi kuliko wote ni Saudi Cup ya Riyadh. Ilianza mwaka 2020 na zawadi ya dola milioni 20, kubwa kuliko za mbio zote duniani, na ilibidi ingoje hadi 2022 kuitwa Kundi la 1.

Kenya

Mbio za thorobredi Kenya ni za Nairobi, na shabiki wa Mombasa anayetaka kuziona kwa macho hupanda basi Mwembe Tayari au treni Miritini. Pwani haikupata nafasi ya kufuga farasi wa mbio kwa wingi. Joto lipo, mbung'o alikuwapo, na zaidi ya yote upo ugonjwa wa farasi wa Afrika, virusi vinavyoenezwa na usubi na vinavyoua farasi wengi wasio na chanjo. Farasi wa kwanza wa walowezi walishushwa bandarini Mombasa na kupelekwa nyanda za juu.

Nairobi uwanja wa kwanza ulikuwa Kariokor, na barabara ya Race Course bado inaukumbusha katikati ya jiji. Mwaka 1954 mbio zilihamia uwanja wa Ngong, zinakokimbiwa siku za Jumapili kwenye nyasi chini ya usimamizi wa Jockey Club of Kenya. Nakuru na Limuru pia zilikuwa na mbio zao zamani. Ngazi ya ndani ya Kenya ni nakala ya ile ya Kiingereza: Kenya Guineas ya mita 1600, Kenya Oaks ya majike, Kenya Derby ya mita 2400, na Kenya St Leger iliyo ndefu kuliko hizo. Chini yake ni hendikapu zilizogawanywa kwa viwango vya alama, kisha mbio za wasiowahi kushinda.

Mtu anayekumbukwa zaidi katika historia hiyo ni Beryl Markham, aliyezaliwa Uingereza mwaka 1902, akakulia Njoro akizungumza Kiswahili, na kupata leseni ya ukufunzi wa farasi akiwa bado msichana. Mwaka 1926 jike wake Wise Child, mwenye miguu mibovu ambayo wengi waliikatia tamaa, alishinda St Leger mbele ya Wrack, farasi ambaye Beryl mwenyewe alikuwa amemfundisha kabla ya mmiliki wake kumhamishia kwa mkufunzi mwingine. Baadaye alishinda Kenya Derby mara sita. Masaisi waliowapiga brashi, kuwalisha na kuwatembeza farasi hao alfajiri hawakuandikwa katika orodha za washindi, na hiyo ni dhuluma ya kumbukumbu, kwa kuwa hakuna farasi aliyefika mstari wa mwisho bila saisi.

Kenya haimo katika sehemu ya kwanza ya kitabu cha viwango, kwa hiyo Kenya Derby si mbio za Kundi la 1 ingawa jina lake na urefu wake ni vya ile Derby ya Uingereza inayokimbiwa Epsom. Kuna wanaoliona hilo kama dharau. Mimi naona sababu yake iko katika kipimo chenyewe. Wafanyabiashara wawili wa soko la Mwembe Tayari, kila mmoja na mizani yake, hawawezi kujua gunia la nani ni zito zaidi mpaka jiwe moja lipimwe kwenye mizani zote mbili. Kwa alama za farasi, jiwe hilo ni farasi anayesafiri. Akitoka nchi moja, akakimbia nyingine, akarudi, mapengo yake huunganisha hesabu za pande mbili. Farasi wa Ngong karibu kila mara hukutana na farasi wa Ngong. Alama zao zinaeleza kwa haki nani bora miongoni mwao, lakini hakuna kinachoziunganisha na alama za Longchamp, Ufaransa, au Meydan, Dubai.

Japani ilipita njia hiyo. Iliweka madaraja yake ya ndani mwaka 1984, na ilipata kuingia sehemu ya kwanza mwaka 2007 baada ya kuzifungua mbio zake kwa farasi wa nje na kupeleka wake ng'ambo kwa miaka mingi.

Kwa Afrika kikwazo ni usubi uleule. Afrika Kusini, yenye mbio nyingi za Kundi la 1 zinazotambuliwa, ilizuiwa kupeleka farasi moja kwa moja Umoja wa Ulaya tangu 2011 kwa sababu ya ugonjwa huo. Waliosafiri walipitishwa nchi nyingine na kukaa karantini kwa miezi, wakafika wamepoteza msimu. Njia ilifunguliwa tena mwaka 2024, baada ya wakaguzi kuridhika na eneo la udhibiti la Cape Town na banda la farasi lililofungwa nyavu za kuzuia wadudu. Kenya, ambako ugonjwa huo ni wa kudumu, itahitaji eneo la namna hiyo, maabara na vibali kabla farasi wa Ngong hajapelekwa kukimbia Ulaya na alama zake zikahesabiwa huko.