Mvunjiko wa Wazi na Historia ya Msimbo Wake
Orodha ya Jacques Bertillon ya mwaka 1893 ilihesabu sababu za vifo tu. Mfanyakazi wa Jadotville, yaani Likasi ya leo, aliyevunjika mguu akaishi, hakuwa na nafasi humo. Mwaka 1948 orodha ya kimataifa ilipanuliwa, ikaingiza magonjwa na majeraha yasiyoua. Katika toleo la 10, lililopitishwa mwaka 1990, S82 ni mvunjiko chini ya goti, na tarakimu ya ziada huonyesha kwamba ni wa wazi, M84.2 ni mfupa uliochelewa kuunga. Anayeandika M84.2 pekee hufuta kidonda. Nchini Marekani, tangu 2015, herufi H na J hutaja yote mawili. Pasipo herufi hizo, neno “wazi” sharti liandikwe kando ya msimbo, ili daktari anayempokea mgonjwa akumbuke hatari ya usaha mfupani.