Kongo: Wanawake wa Panzi watunga nyimbo kuivua aibu isiyo yao

Katika Hospitali ya Panzi, mjini Bukavu, mashariki mwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, matibabu ya wanawake walionusurika ubakaji hayakomei wodini. Tangu 2015, Wakfu wa Panzi na shirika la Make Music Matter la Kanada wamekuwa wakiendesha mpango uitwao Healing in Harmony, ambao tiba yake ni kutunga na kurekodi nyimbo kwa pamoja.

Hospitali hiyo ilianzishwa 1999 na Dakta Denis Mukwege, aliyetunukiwa Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 2018 pamoja na Nadia Murad wa Iraq. Upasuaji wake umewaondolea wanawake wengi fistula, jeraha linalosababisha mkojo kuvuja bila kukoma. Hata hivyo, aliyepona mwilini huweza kurejea kijijini akakuta mume amemkana na majirani wananong'ona. Aibu iliyostahili kumwelemea mtenda uovu humwelemea yeye, na hakuna kisu cha daktari kinachoifikia.

Ndipo wimbo unapoingia. Wanawake hukaa kikundi pamoja na mwanasaikolojia na mtayarishaji wa muziki. Si lazima mtu awe amewahi kuimba. Huyu huchangia neno, yule mstari, mwingine lahani, hadi wimbo ukamilike na kurekodiwa studioni. Lugha yenyewe huwa kinga: asiyeweza kutamka "niliteswa" huweza kuimba "tuliteswa", na msikilizaji hawezi kujua ni nani kati yao aliyepatwa na lipi. Washiriki huitwa wasanii. Jina hilo si pambo. Aliyezoea kutajwa kwa jambo alilotendewa sasa hutajwa kwa kazi aliyoitenda mwenyewe.

Nyimbo hizo hupigwa redioni na kuimbwa katika matamasha ya jamii. Pengine hapa ndipo penye nguvu kubwa ya mpango huu. Mazungumzo ya faragha na mshauri huweza kupunguza hofu na jinamizi la usiku, lakini aibu hutokana na macho ya watu, na watu hao hawamo katika chumba cha mshauri. Redio huwafikia majumbani mwao. Hatari ya sauti kutambuliwa haikosekani, nayo kwaya huipunguza bila kuiondoa.

Utafiti uliochapishwa 2021 kuhusu washiriki wa mpango huo vijijini Kivu ya Kusini ulionyesha kupungua kwa dalili za sonona, wasiwasi na kiwewe.

Muziki hauchukui nafasi ya upasuaji wala ya mahakama. Panzi huuweka sambamba na matibabu, msaada wa kisheria na mafunzo ya kujipatia riziki, maana mwanamke aliyekataliwa nyumbani atahitaji pia mahali pa kulala na kazi ya kumlisha yeye na wanawe.