Moyo wa Mbwa wa London na Dripu ya Muheza

Kwa miaka mingi nimefundisha fiziolojia kwa wanafunzi wa uuguzi na utabibu hapa Tanga, na sijaona neno linalowapa kiburi mapema kama prilodi. Wanalikariri usiku, wanaliandika kwenye mtihani, wanapata alama. Kisha wanafika wodini, wanamkuta mtoto mwenye homa kali na mikono ya baridi, na mkono wao unakwenda moja kwa moja kwenye chupa ya dripu. Ni neno hilo lililowafikisha hapo. Nataka kusimulia lilikopita, maana lilianzia kwa vyura wa Ujerumani na mbwa wa Uingereza, likaja kuulizwa maswali mazito na watoto wa Muheza, Kilifi, Mbale na Soroti, na sehemu hiyo ya mwisho wengi wa wanafunzi wangu wanaisikia kwangu kwa mara ya kwanza.

Maana yake si ngumu. Moyo unapolegea, damu inaingia na kuzinyoosha nyuzi za misuli yake. Kiasi nyuzi hizo zilivyonyooshwa kabla tu ya moyo kujikaza, hicho ndicho prilodi. Mpira wa manati ukiuvuta zaidi unarusha jiwe mbali zaidi, na moyo vilevile: ukijazwa zaidi unasukuma kwa nguvu zaidi, mpaka ufikie ukomo wake. Ukinzani ambao moyo unakutana nao wakati wa kusukuma damu kwenda kwenye ateri unaitwa aftalodi. Huo leo nauacha.

Wa kwanza kulipima jambo hili kwa makini ya kweli alikuwa Otto Frank, aliyechapisha kazi yake mjini Munich mwaka 1895. Alichukua moyo wa chura, akaujaza kwa viwango tofauti, akaziba njia ya kutokea, akasoma shinikizo ambalo moyo ule ulizalisha kila ulipojikaza bila kuweza kutoa kitu. Kadiri alivyoujaza, shinikizo lilipanda. Akaendelea kuujaza, na baada ya kiwango fulani likaanza kushuka. Kushuka huko Frank alikuchora wazi tangu siku ya kwanza. Kwenye vitabu vingi vya wanafunzi mchoro unakatwa kabla ya kufika hapo, na mwanafunzi anabaki na mstari unaopanda tu.

Jina lililoshika zaidi ni la Ernest Starling wa University College London. Mwaka 1912, yeye na Knowlton walieleza namna ya kuuweka hai moyo wa mbwa pamoja na mapafu yake, ukiwa umetengwa na mwili wote. Inafaa kuitazama mashine hiyo kwa karibu. Damu ilitoka kwenye ateri kubwa kwa mrija, ikapita ndani ya kipande cha mpira laini kilichofungiwa kwenye bomba la kioo. Hewa ilipigwa ndani ya kioo, ikaubana mpira kutoka nje, na kwa njia hiyo mtafiti aliamua mwenyewe moyo usukume dhidi ya ukinzani kiasi gani. Kutoka hapo damu ilipita kwenye koili ya kuipasha joto, ikaingia kwenye tanki lililoinuliwa juu, ikateremka tena kuingia moyoni kupitia vena. Mapafu yalipumuliwa kwa pampu. Ventrikali zilifungiwa ndani ya chombo kilichopima ujazo wake zikipanuka na kusinyaa.

Kwa hiyo, kuongeza damu inayoingia moyoni ilikuwa kazi ya kulegeza klipu au kuinua tanki. Starling, akiwa na Patterson na Piper, alichapisha matokeo mwaka 1914: damu inayoingia ikiongezeka, moyo unapanuka, na katika mapigo machache yanayofuata unatoa kiasi kilekile unachopokea. Hakuna neva iliyouamuru, maana neva zote zilikuwa zimekatwa. Moyo wenyewe ulijua. Mwaka 1915 aliyatangaza haya katika mhadhara wa Linacre huko Cambridge, akayaita sheria ya moyo, na mhadhara ukachapishwa mwaka 1918. Ni kazi nzuri sana, na kila ninapoifundisha bado inanipa furaha.

Lakini tazama kilichokuwa mezani. Hapakuwa na figo, ini, ubongo wala miguu ya kuvimba. Mishipa midogo ya mwili, ile ambayo damu inabadilishana maji na nyama, haikuwepo, na nafasi yake ilishikwa na mpira na kioo. Moyo ulikuwa umetoka kwa mnyama mwenye afya, bila malaria wala bakteria kwenye damu. Damu iliyoongezwa haikuwa na pa kwenda isipokuwa moyoni. Sheria ni ya kweli kabisa ndani ya mipaka hiyo, na Starling aliijua mipaka yake kuliko wengi waliomfuata. Miaka 18 kabla, mwaka 1896, ndiye aliyekuwa ameeleza kinachoamua maji yabaki ndani ya mishipa midogo au yavuje nje: shinikizo linayasukuma nje, protini za damu zinayavuta ndani. Mtu mmoja ametuachia masomo mawili. La moyo tunalikariri kila siku. La mishipa inayovuja tunalisoma kwenye sura nyingine, na mwalimu mwingine, na wachache wanayaunganisha wanaposimama mbele ya mgonjwa.

Mbwa hao nao wanastahili kutajwa. Mwaka 1903 maabara hiyohiyo iliingia kwenye kesi kubwa. Wanawake wawili wa Uswidi, Lizzy Lind af Hageby na Leisa Schartau, waliohudhuria mihadhara kama wanafunzi, waliandika kwamba mbwa mmoja wa kahawia alipasuliwa akiwa bado anahisi maumivu. Stephen Coleridge, kiongozi wa chama cha kupinga upasuaji wa wanyama hai, aliyasema hayo hadharani, na William Bayliss, shemeji na mwenzake Starling, akamshtaki kwa kumchafulia jina. Bayliss alishinda na kulipwa pauni 2,000. Mwaka 1906 wapinzani walimjengea mbwa yule sanamu Battersea, ikazua fujo za wanafunzi wa udaktari mitaani, na mwaka 1910 ikaondolewa. Mimi naamini maarifa yale yalihitajika. Naamini pia kwamba maarifa yaliyopatikana kwa gharama hiyo yanatudai tuyatumie kwa uangalifu.

Neno prilodi lenyewe linatokana na kazi ya misuli iliyotundikwa. Unachukua ukanda wa msuli, unaufungia uzito mdogo unaouvuta hadi urefu fulani kabla haujaanza kujikaza: huo ni mzigo wa kabla. Mwaka 1962 Edmund Sonnenblick, huko Bethesda nchini Marekani, alitumia vipande vidogo vya misuli kutoka ndani ya moyo wa paka kwa namna hii, na lugha ya uzito na urefu ikaanza kuhamia kwa madaktari wa moyo. Mwaka 1970 Jeremy Swan na William Ganz wa Los Angeles walileta katheta yenye puto dogo la hewa kwenye ncha. Puto hubebwa na mkondo wa damu hadi kwenye ateri ya mapafu, na daktari anasoma shinikizo akiwa kando ya kitanda. Kuanzia hapo prilodi ikawa namba kwenye skrini. Kilichopimwa kilikuwa shinikizo, ilhali Starling alizungumzia urefu wa nyuzi, na moyo mgumu unaweza kuwa na shinikizo kubwa huku nyuzi zake zimenyooka kidogo tu. Tofauti hiyo ilipotea haraka katika mazungumzo ya wodini.

Kwetu katheta hiyo haikufika kwenye hospitali za wilaya. Sisi tulikuwa na vidole. Unabonyeza ukucha wa mtoto hadi uwe mweupe, unaachia, unahesabu sekunde mpaka wekundu urudi. Unapitisha mgongo wa mkono kutoka kwenye kifundo cha mguu kupanda juu, ukitafuta mahali baridi inapoishia. Unashika mapigo kwenye kiwiko cha mkono. Ukucha ukichelewa sekunde tatu au zaidi, mguu ukiwa wa baridi, mapigo dhaifu, ulifundishwa kusoma hivi: damu haijai moyoni, ujaze.

Mazoea ya kujaza yana asili ya heshima. Mwaka 1832, kipindupindu kilipokuwa kimeenea Uskoti, daktari Thomas Latta wa Leith alisoma uchunguzi wa daktari mwenzake O'Shaughnessy ulioonyesha kwamba damu ya wagonjwa hao imepungukiwa maji na chumvi, akaamua kuyarudisha kwa mshipa. Mgonjwa wake wa kwanza alikuwa mwanamke mzee aliyekuwa anakata roho. Maji yalipoingia, uso ukarudi uhai na mapigo yakashikika. Latta akamwacha mikononi mwa daktari wa hospitali, kuhara na kutapika kukarudi, na hazikupita saa sita mama yule akafariki. Wengine waliofuata waliokolewa. Hapo maji yalikuwa yamepotea kweli, kwa ndoo, na kuyarudisha kulikuwa sahihi. Hadi leo mtoto wa kipindupindu aliyekaukiwa anahitaji maji haraka, na lolote ninaloandika hapa chini lisimcheleweshee.

Tatizo ni kwamba neno moja lilikuja kuwafunika wote: aliyeharisha maji yote ya mwili, na aliye baridi kwa sababu ya malaria kali au maambukizi kwenye damu bila kupoteza maji kiasi hicho. Wote wakaitwa wenye prilodi ndogo. Wote wakajazwa.

Ndipo ukaja utafiti wa FEAST. Kuanzia mwaka 2009, Kathryn Maitland wa Kilifi na wenzake wa Kenya, Uganda na Tanzania waliuliza swali ambalo nchi tajiri ziliona limekwisha kujibiwa. Hospitali zilikuwa sita: Kilifi; Mulago, Mbale, Soroti na Lacor; na kwa upande wetu Teule, Muheza. Watoto walikuwa na homa kali, wamezidiwa, na wana dalili za damu kutofika vizuri mwilini, zilezile za ukucha, mguu na mapigo. Waliokuwa wanaharisha na wenye utapiamlo mkali hawakuingizwa. Kundi moja lilipewa maji ya chumvi kwa kasi, la pili albumini kwa kasi, la tatu dripu ya kawaida ya polepole tu. Kwa mtoto wa kilo 10, kasi hiyo ilimaanisha mililita 200 hadi 400 ndani ya saa moja. Dawa za malaria, antibiotiki na damu walipata wote waliozihitaji.

Ilipangwa kuandikisha watoto 3,600. Januari 2011, wakiwa wamefika 3,141, kamati huru iliyofuatilia takwimu ilishauri kazi isimame. Ndani ya saa 48, walikuwa wamefariki asilimia 10.6 ya waliopewa albumini na asilimia 10.5 ya waliopewa maji ya chumvi. Katika kundi ambalo halikujazwa, asilimia 7.3.

Niliposoma namba hizo niliweka karatasi chini nikakaa kimya. Kinachonigusa zaidi ni matokeo ya saa ya kwanza. Saa moja baada ya kuanza, dalili za mzunguko mbaya wa damu zilikuwa zimeondoka kwa asilimia 43 ya waliojazwa, na asilimia 32 tu ya wasiojazwa. Kwa hiyo muuguzi aliyesimama pale aliona sheria ya moyo ikifanya kazi sawasawa: amejaza, mkono umepata joto, ukucha umerudi wekundu. Mama amefarijika. Kisha, saa zilizofuata, watoto wengi zaidi wa kundi hilohilo wakafa.

Watu wengi, nami nikiwamo, walidhani mapafu yalijaa maji. Uchambuzi uliotoka mwaka 2013 ulionyesha vinginevyo: vifo vya ziada vilitokana hasa na moyo na mzunguko wa damu kuanguka ghafla. Sababu kamili bado inajadiliwa. Wakosoaji wa ng'ambo walisema hospitali hizo hazikuwa na mashine za kupumulia, kwa hiyo matokeo hayawahusu. Hoja hiyo siikubali kirahisi. Mazoea ya kujaza yaliletwa kwetu bila mashine hizo, na hakuna aliyeuliza wakati huo. Mwaka 2016 Shirika la Afya Duniani lilibadili mwongozo wake: mtoto mwenye dalili moja au mbili tu, asiyefikia mshtuko kamili, asipewe maji kwa kasi. Mwaka 2017 utafiti wa Lusaka kwa watu wazima wenye maambukizi makali kwenye damu na shinikizo la chini ulikuta picha inayofanana: walioongezewa maji kwa utaratibu wa kasi walikufa zaidi, asilimia 48.1 dhidi ya 33.

Kisha likaja swali la damu yenyewe. Utafiti wa TRACT, uliofanyika Uganda na Malawi na kuchapishwa mwaka 2019, ulilinganisha mililita 20 na mililita 30 za damu kwa kila kilo ya mtoto mwenye upungufu mkubwa wa damu. Ukiwachukua wote pamoja, vifo havikutofautiana. Ukiwatenganisha kwa kipimajoto, wasio na homa walifanya vizuri zaidi kwa 30, na wenye homa kwa 20. Kitu anachoweza kukipima muuguzi yeyote wa zahanati ndicho kilichowagawa. Siku hizi somo langu la prilodi linaanza na FEAST na TRACT, wanafunzi wakisoma majedwali kwa sauti, mmoja baada ya mwingine. Mchoro wa Starling ninauleta siku ya pili, na ninauchora wote, pamoja na pale unaposhuka.