Mtumba wa Amerikani

Katika karne ya 19 msafara uliotoka Bagamoyo kwenda bara haukuweza kufika mbali bila ya nguo. Reale za fedha zilikuwa na nguvu Unguja na mrima, lakini kadiri mtu alivyozidi kuipa bahari kisogo ndivyo zilivyopungua maana. Huko mbele fedha ilikuwa nguo, shanga na masango. Nguo zilikunjwa, zikashindiliwa na kukazwa kwa kamba mpaka zikawa mzigo mrefu wa kuchukuliwa begani, uzito wake frasila 2 hivi, na mzigo huo uliitwa mtumba. Ndani yake palikuwa na kaniki na nguo za rangi zilizotoka Maskati na Kachi. Lakini iliyozishinda zote kwa wingi ilikuwa nguo moja nzito ya pamba, rangi yake ni ile ile ya pamba, haina nakshi wala urembo. Hiyo ndiyo amerikani. Mikono 4 ilikuwa shuka, shuka 2 zilikuwa doti, na jora zima lilipata yadi 30 au karibu yake. Kwa amerikani mpagazi alipata posho, watemi wa Ugogo walipata hongo ili wasafiri wapewe njia na maji, na mwenye pembe alipata thamani ya pembe yake. Burton aliyasema hayo baada ya safari yake ya miaka ya 1857 hadi 1859, na Stanley, alipojitayarisha mwaka 1871 kwenda kumtafuta Livingstone, aliona kuwa kazi yake ya kwanza ni kujifunza hesabu ya doti.

Jina la nguo hii latuambia nchi ilikotoka. Halituambii ilitoka katika mikono ya nani. Walioandika habari za biashara ya Unguja wamehesabu majora na frasila kwa uangalifu wa kusifiwa, wakawataja masultani, mabalozi na matajiri wa forodha. Walakini msomaji aweza kufunga kitabu baada ya kitabu asikutane na mtu hata mmoja aliyesokota uzi. Nataka katika makala haya kuufuata mtumba kinyumenyume, kutoka begani mwa mpagazi mpaka shambani ulikoanza.

Kwanza yafaa tuondoe dhana iliyozoeleka, kwamba kabla ya merikebu za wageni watu wa nchi hizi hawakujua nguo. Ibn Battuta alipofika Mogadishu mwaka 1331 alikuta nguo zilizofumwa pale pale, nazo zilipelekwa hata Misri. Wachimbuzi wa mambo ya kale wamekuta Kilwa vidude vya udongo vilivyotobolewa katikati, ambavyo ni uzito wa pia ya kusokotea uzi. Wareno waliisifu hariri ya Pate. Bara, Ufipani na Unyamwezini, kulikuwa na wafumi waliofuma pamba ya nchi yao, nguo nene yenye kudumu. Wafumi hawa hawakushindwa kwa kukosa ustadi. Walishindwa kwa hesabu: kitanda cha mfumi kilitaka siku nyingi kutoa nguo moja, ilhali merikebu moja ilishusha majora kwa maelfu. Hata hivyo hawakutoweka wote. Wafumi wa pwani ya Benadiri waliendelea mpaka karne ya 20, jambo ambalo lastahili makala yake peke yake.

Merikebu zenyewe zilitoka hasa Salem, mji mdogo wa bandari katika Massachusetts. Tarehe 21 Septemba 1833 Edmund Roberts, mjumbe wa Marekani, aliandikiana mkataba na Seyyid Said kule Maskati, Wamarekani wakaruhusiwa kufanya biashara katika milki yake kwa ushuru wa 5 katika 100. Mwaka 1837 alifika Unguja balozi wao wa kwanza, Richard Waters, naye alikuwa mtu wa Salem na mfanyabiashara. Akapatana vizuri na Jairam Shivji, aliyekodi forodha ya Sultani. Nguo iliingia, pembe, sandarusi na ngozi zikatoka. Biashara ilikuwa nzuri hata Salem wakajenga kiwanda chao wenyewe, kiwanda cha Naumkeag, kilichoendeshwa kwa mvuke na kuanza kazi mwaka 1847. Wanunuzi wa bara walikuwa wateule kweli kweli. Nguo nyepesi waliikataa, na msafiri aliyechukua mtumba wa nguo isiyopendwa mahali fulani aliweza kufa njaa kando ya ghala la chakula. Basi mtu wa Tabora, bila ya kujua, alikuwa na neno katika shauri la matajiri wa Salem.

Lakini kabla ya Salem palikuwa Lowell, na hapa sina budi kukaa kidogo. Francis Cabot Lowell alizuru Uingereza kati ya miaka ya 1810 na 1812, akazitazama mashine za kufumia kwa macho ya mtu aliyekusudia kukariri, maana sheria ya Uingereza ilikataza mashine hizo zisitolewe nchini. Aliporudi kwao akatengeneza yake. Akafa mwaka 1817, na wenziwe wakajenga mji wa viwanda ukingoni mwa mto Merrimack, wakaupa jina lake. Waliotiwa kazini walikuwa zaidi wasichana wa wakulima wa New England, wengi wao hawajafika umri wa miaka 30. Walikaa katika nyumba za kampuni, chini ya mama mlezi wa kuwachunga. Waliamshwa kwa kengele, wakala kwa kengele, wakalala kwa kengele. Kazi ilizidi saa 12 kwa siku. Madirisha yalifungwa ili hewa iwe na unyevu na uzi usikatike. Kwa hiyo vumbi la pamba halikuwa na pa kutokea ila katika vifua vya watu. Kelele ya mitambo ilikuwa kubwa hata mtu asisikie maneno ya jirani yake.

Wageni walioalikwa kutazama walistaajabu kuona kwamba wasichana hao walisoma vitabu, walihudhuria mihadhara, na tangu mwaka 1840 walikuwa na gazeti lao, The Lowell Offering. Ni kweli, tena ni kweli kwamba wengi walifurahi kushika fedha yao wenyewe kwa mara ya kwanza. Lakini mwaka 1834 ujira ulipopunguzwa, mamia yao waliacha mitambo wakatoka nje. Mwaka 1836 kodi ya nyumba ilipopandishwa, wakatoka tena, na safari hii walikuwa wengi zaidi. Baadaye waliunda chama chao, na kiongozi wao, Sarah Bagley, akasimama mwaka 1845 mbele ya kamati ya Bunge la Massachusetts kutaka siku ya kazi iwe saa 10. Kamati ilisikiliza, ikakubali kuwa yako mambo yasiyopendeza, ikaamua kuwa si kazi ya Bunge kuyatengeneza. Sheria ya saa 10 kwa wanawake na watoto ilipatikana katika jimbo hilo mwaka 1874. Wakati huo wengi wa wasichana wa wakulima walikuwa wamekwisha kuondoka, na nafasi zao zimeshikwa na wahamiaji kutoka Ireland na Kanada, ambao walikuwa maskini zaidi na hawakuwa na shamba la baba la kurudia.

Katika mgomo wa mwaka 1836 wanawake hao waliimba wimbo wa kukataa kufanywa watumwa. Baadhi ya wanawake wa mji huo walikuwa na chama cha kupinga utumwa, wala sidhani walilitumia neno hilo kwa wepesi. Lakini pamba iliyopita katika vidole vyao ilikuwa imechumwa na watumwa wenyewe. Tangu Eli Whitney alipobuni mashine ya kuchambua pamba mwaka 1793, mashamba ya kusini mwa Marekani yalikuwa yakisogea upande wa magharibi mwaka hata mwaka, na watu wapatao milioni moja waliondolewa katika majimbo ya zamani, wengi kwa kuuzwa, wakapelekwa kwenye nchi mpya ya pamba. Hesabu ya watu ya mwaka 1860 ilionyesha watumwa karibu milioni 4. Solomon Northup, mtu huru aliyetekwa nyara mwaka 1841 akauzwa Louisiana, alieleza katika kitabu chake cha mwaka 1853 jinsi kila jioni kikapu cha kila mmoja kilivyopimwa kwenye mizani. Aliyepunguza alipigwa mijeledi. Aliyezidisha alijua kuwa kesho atadaiwa kadiri ile ile.

Sasa natuurudishe mtumba Unguja. Katika mashamba ya karafuu mtumwa alivaa amerikani, kwa kuwa ndiyo iliyokuwa rahisi. Bara, amerikani ilinunua pembe, na pia ilinunua watu. Hivyo nguo iliyotokana na jasho la mtumwa wa Mississippi ilikuwa thamani ya mtu aliyeuzwa karibu na Ziwa Nyasa, kisha ikamfunika kiunoni alipofika kisiwani. Sijui kama yuko katika zama zile aliyeuona mzunguko huu mzima. Nahodha wa Salem aliona sehemu yake, mwenye shamba wa Unguja akaona sehemu yake, na kila mmoja aliona biashara ya halali.

Si watu peke yao waliolipa. Udongo wa kusini mwa Marekani ulichoshwa kwa kupandwa pamba juu ya pamba, wenye mashamba wakahama na kuuacha umechimbika makorongo. Mto Merrimack ulizuiwa kwa boma kubwa la mawe kule Lawrence, lililomalizika mwaka 1848, na samaki aina ya samoni waliokuwa wakipanda kutoka baharini kuzaa wakakosa njia. Viwanda vilimwaga mtoni rangi na taka zake zote. Na upande wetu ndovu walizidi kurudi nyuma mbele ya bunduki. Pembe ambayo zamani ilipatikana safari ya siku chache kutoka pwani ilitafutwa Manyema na kuvuka Kongo, ikaishia Connecticut, ikakatwa kuwa vitana na vibonyezo vya piano.

Vita vya Wamarekani wenyewe kwa wenyewe, tangu 1861 mpaka 1865, vilikata pamba. Lancashire wafanyakazi walikaa njaa. Misri na India wakulima walisukumwa kupanda. Unguja amerikani ikawa adimu na bei ikapanda. Hapo Bombay ilipata nafasi. Kiwanda chake cha kwanza cha pamba kilianzishwa mwaka 1854, na mpaka mwisho wa karne nguo nzito ya Bombay ilikuwa imekwisha kuiondoa ile ya Salem sokoni. Sheria ya kwanza ya viwanda nchini India, ya mwaka 1881, ilikataza mtoto asiyefika miaka 7 asitiwe kazini; asomaye katazo hilo aelewa hali iliyokuwako kabla yake. Jambo la ajabu ni kwamba jina halikubadilika. Nguo ilifumwa na Mhindi, kwa pamba ya India, ikaletwa na meli ya Bombay, na dukani ikaendelea kuitwa amerikani.

Huko Unguja, baada ya utumwa kupigwa marufuku kwa sheria mwaka 1897, wanawake walioachwa huru waliichovya amerikani katika nili wakaifanya kaniki, kisha walipoweza wakaiacha hiyo nayo, wakavaa kanga. Hawakuhitaji kuelezwa na mtu maana ya nguo ile nyeupe.

Kiwanda cha Naumkeag kiliungua katika moto mkubwa wa Salem wa mwaka 1914, kikajengwa upya, na mwaka 1953 kikafungwa, kazi yake ikahamishiwa South Carolina, kwenye ujira mdogo na karibu na mashamba ya pamba. Baadaye kazi za namna hiyo ziliondoka South Carolina pia, zikaenda Asia. Tanganyika, ambako Wajerumani walikuwa wamewalazimisha watu kulima pamba hata vikazuka vita vya Maji Maji mwaka 1905, ilikuwa ikiuza pamba ghafi na kununua nguo. Kiwanda cha Urafiki, kilichofunguliwa Dar es Salaam mwaka 1968 kwa msaada wa China, kilikusudiwa kuugeuza mwendo huo. Kwa muda kiliweza. Kisha ikaja mitumba.

Neno ni lile lile. Robota lililokazwa kwa kamba limerudi, lakini safari hii ndani yake mna nguo zilizokwisha kuvaliwa na watu wengine. Mwaka 1916 mtumba ulikuwa bado waweza kuitwa mzigo wa mpagazi. Mwaka 2016 wakuu wa Jumuiya ya Afrika Mashariki waliazimia kuuondoa katika masoko yao kwa muda wa miaka 3. Wafanyabiashara wa nguo kuukuu wa Marekani wakashitaki kwa serikali yao, nayo ikatishia kuzinyima nchi hizo nafuu ya ushuru. Nchi moja moja zikalegea. Rwanda peke yake ilishikilia, na mwezi Julai 2018 nguo zake zikaondolewa katika nafuu hiyo. Nani alikuwa na haki si rahisi kusema, kwa maana mchuuzi wa Gikomba au Karume naye ana watoto wa kulisha, wala hakushirikishwa katika azimio.

Afunguaye robota hilo leo hukuta katika ukosi wa shati kipande cha kitambaa chenye jina la nchi: Bangladesh, Vietnam, Kambodia. Jina la nchi tu, kama amerikani. Tarehe 23 Aprili 2013, Savar, karibu na Dhaka, nyufa zilionekana katika kuta za jumba la Rana Plaza, lililokuwa na viwanda vya kushona. Kesho yake wafanyakazi, wengi wao wanawake, waliamriwa warudi kwenye mashine zao, na jumba likaanguka. Walikufa watu 1,134. Makampuni kadha ya Ulaya na Marekani yalikana kwamba nguo zao zilishonwa humo, mpaka watu walipopita juu ya kifusi wakiokota, kimoja kimoja, vile vipande vya kitambaa vya ukosini.