Mavazi ya Watoto Arusha: Sare, Mitumba na Nafasi ya Wazalishaji wa Ndani

Biashara ya mavazi ya watoto katika Jiji la Arusha na maeneo yanayouzunguka Mlima Meru inaongozwa na mambo matatu: kalenda ya shule, hali ya hewa na bei. Kwa kuwa mtoto huizidi nguo kabla haijachakaa, mzazi hulazimika kununua mara kwa mara, na ndiyo maana unafuu wa bei hutangulia mambo mengine.

Kwa miongo kadhaa, unafuu huo umepatikana katika mitumba. Baada ya biashara kulegezwa masharti katika miaka ya 1980, marobota ya nguo zilizotumika yaliingia kwa wingi, na leo hupatikana katika masoko ya jiji na katika magulio kama la Tengeru. Mwezi Machi 2016, wakuu wa nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki waliokutana Arusha walikubaliana kupunguza uingizaji huo hatua kwa hatua ili kulinda viwanda. Marekani ilipinga kwa kutishia kuondoa nafuu za mpango wa AGOA, na Rwanda, iliyoshikilia msimamo wake, ilisimamishiwa nafuu ya mavazi mwaka 2018. Tanzania haikufikia hatua ya kuzuia mitumba. Hata hivyo, nguo za ndani zilizotumika zimepigwa marufuku kwa sababu za kiafya, na Shirika la Viwango Tanzania (TBS) husimamia katazo hilo.

Ushindani wa pili unatokana na nguo mpya za bei nafuu, hasa kutoka China, zinazofika kupitia Kariakoo jijini Dar es Salaam. Wafanyabiashara wengi sasa huonesha bidhaa hizo kwa picha kupitia simu za mkononi na kuzituma kwa mabasi au bodaboda, hivyo muuzaji halazimiki kuwa na duka.

Eneo ambalo fundi wa ndani bado ana nguvu ni sare za shule. Utekelezaji wa elimumsingi bila ada ulioanza Januari 2016 uliongeza uandikishaji wa wanafunzi, huku jukumu la kununua sare likibaki kwa mzazi. Mahitaji hupanda kila Januari. Aidha, baridi ya Juni hadi Agosti katika miteremko ya Meru hulifanya sweta kuwa vazi la lazima, hivyo wafumaji wadogo hupata kazi ambayo wenzao wa maeneo ya joto hawana. Vitenge vinavyoshonwa kwa ajili ya ubatizo, kipaimara na harusi ni soko jingine linalohitaji vipimo vya mtoto mmoja mmoja.

Arusha haianzi na mikono mitupu. Kiwanda cha Sunflag kilianzishwa mwaka 1965 na A to Z mwaka 1966. Cha pili kilianza kama kiwanda kidogo cha nguo kabla ya kujulikana zaidi kwa vyandarua. Changamoto ni kwamba sehemu kubwa ya pamba ya Tanzania, inayolimwa zaidi Kanda ya Ziwa, husafirishwa nje kabla ya kusokotwa. Fundi hununua kitambaa, uzi, zipu na lastiki zilizoagizwa kutoka nje, na gharama hizo huishia katika bei ya kaptula ya mwanafunzi.

Kwa mafundi wanaotaka kukua, njia zilizopo ni pamoja na mafunzo ya ushonaji ya VETA, huduma za SIDO na mikopo isiyo na riba ya halmashauri, inayotokana na asilimia 10 ya mapato ya ndani: asilimia 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana na 2 kwa watu wenye ulemavu. Mikopo hiyo hutolewa kwa vikundi vilivyosajiliwa, na watu wenye ulemavu wanaweza pia kuomba mmoja mmoja. Fundi anayenunua kitambaa kwa pamoja na wenzake kabla ya msimu hupunguza gharama. Anayesubiri Januari hukutana na bei iliyokwisha kupanda.

Kwa mzazi, pindo pana na mshono imara hurefusha maisha ya nguo. Kwa mtoto mchanga, vifungo vilivyolegea na kamba za shingoni ni hatari na vinafaa kuepukwa, iwe nguo ni mpya au ya mtumba.