Imani ya Waliosalia: Swali la Mungu Katika Njia ya Mtendeli

Nyanda za juu za Kigoma, tangu Kasulu hata Kibondo na Kakonko, ni mlango ambao watu wa Burundi wameupita mara nyingi wakikimbia mauti. Walikuja mwaka 1972, wakaja tena 1993, wakaja tena 2015. Mtendeli ni kituo kimoja cha safari hiyo. Kambi hiyo ilipokea Warundi katika miaka ya 1990, baadaye ikafungwa. Ilifunguliwa upya Januari 2016 ili kupunguza msongamano wa Nyarugusu, na mwaka 2021 ikafungwa tena, wakazi wake wakahamishiwa Nduta. Historia ya kambi aghalabu huandikwa kwa hesabu: hesabu ya vichwa, ya mahema na ya ndoo za maji. Hesabu hizo zina haki yake. Lakini mkimbizi alivuka mpaka na mzigo mwingine usioandikwa katika daftari, nao ni swali juu ya Mungu.

Kirundi, ambacho ni ndugu wa karibu wa Kiha, humwita Mungu Imana, na jina hilo hukaa ndani ya majina ya watu. Hakizimana maana yake ni kuwa Mungu ndiye aponyaye. Habonimana, Mungu ndiye aonaye. Ndikumana, niko pamoja na Mungu. Kila jina la namna hiyo ni ungamo dogo la imani, litamkwalo kila mtoto aitwapo. Katika mauaji ya nchi hizo majina haya yalichukuliwa na waliouawa, na yalichukuliwa vilevile na waliowaua. Wanyarwanda nao walikuwa na methali kwamba Imana hushinda kwingine mchana, lakini usiku hurudi kulala Rwanda. Mwaka 1994, katika muda wa siku mia hivi, watu wapatao 800,000 waliuawa nchini humo, wengi wao ndani ya makanisa kama ya Ntarama na Nyamata walimokimbilia. Tangu hapo methali ile imegeuka swali: usiku ule alilala wapi?

Swali hili liliandikiwa vitabu kwanza na Wayahudi, baada ya Wajerumani wa Hitler kuangamiza watu wao wapatao 6,000,000. Jawabu la kale lilisema kwamba msiba wa taifa ni adhabu ya dhambi zake. Richard Rubenstein, katika kitabu chake cha mwaka 1966, alilikataa kata kata: ikiwa Mungu huendesha historia yote, basi Hitler alikuwa fimbo mkononi mwake, na Mungu wa namna hiyo Rubenstein hakuweza kumwamini. Emil Fackenheim alishika njia nyingine. Juu ya amri 613 za mapokeo aliongeza moja, kwamba Myahudi asimpe Hitler ushindi baada ya kufa kwake kwa kuiacha imani ife. Eliezer Berkovits, mwaka 1973, alirudia fundisho la Mungu aufichaye uso wake ili mwanadamu awe na uhuru wa kutenda. Akaongeza neno la adabu: asiyekuwamo makambini hana budi kuiheshimu imani ya waliobaki wakiamini, na kuuheshimu vilevile ukafiri wa waliovunjika moyo humo.

Warundi walipita njia yao wenyewe. Mwishoni mwa Aprili 1972 waasi wa Kihutu walishambulia upande wa kusini na kuwaua Watutsi. Serikali ya Michel Micombero ililipiza kwa kuwaandama Wahutu waliosoma: walimu, wanafunzi, makarani, askari na mapadre. Makadirio ya waliouawa huanzia 100,000 na kupita 200,000. Miongoni mwao alikuwamo Michel Kayoya, padre na mshairi, aliyeuawa Gitega mwezi Mei. Waliosalia walikimbilia Tanzania, wakapewa makazi Ulyankulu, Katumba na baadaye Mishamo. Hapo Mishamo, katikati ya miaka ya 1980, mtaalamu Liisa Malkki aliwasikia wakisimulia historia yao kwa mfano wa wana wa Israeli. Uhamisho, walisema, ni jaribu. Taabu hulitakasa taifa mpaka listahili kurudishiwa nchi yake.

Jawabu hilo lina nguvu, kwa maana lilimpa mkimbizi uti wa mgongo. Hata hivyo lina hatari mbili. Kwanza, taabu ikiwa shule ya utakaso, hapana budi kueleza ni somo gani lililofundishwa na kifo cha mtoto mchanga. Pili, taifa likijiita Israeli, lazima apatikane wa kuitwa Farao, na jirani mzima, pamoja na watoto wake, aweza kuvikwa jina hilo. Oktoba 1993, baada ya Rais Melchior Ndadaye kuuawa, Watutsi wengi waliuawa vilimani kwao. Mwaka 1996 tume ya Umoja wa Mataifa ilisema kuwa hayo yalikuwa matendo ya mauaji ya kimbari. Jeshi nalo liliua Wahutu. Mwaka 2021 Tume ya Ukweli na Maridhiano ya Burundi ikatamka kuwa mauaji ya 1972 yalikuwa ya kimbari. Kila upande una makaburi yake, na hapa ndipo mfano wa Wayahudi unapokoma kufanana. Katika Burundi aliyeua na aliyefiwa walibatizwa katika parokia moja, na warithi wao hulima kilima kimoja.

Kwa sababu hiyo lilitokea jawabu jingine, nalo lilisemwa kwa vitendo. Katika Ruyigi, ng'ambo tu ya mpaka wa Kibondo, tarehe 24 Oktoba 1993, Marguerite Barankitse, ambaye ni Mtutsi, aliwaficha Wahutu katika nyumba ya askofu. Washambulizi wa kabila lake walimfunga na kuwaua watu 72 mbele ya macho yake. Aliokoa watoto 25, na kwao ikaanza Maison Shalom, nyumba ya kulea yatima pasipo kuuliza kabila. Tarehe 30 Aprili 1997, katika seminari ndogo ya Buta, vijana waliamriwa na waasi wajitenge, Wahutu huku na Watutsi kule. Walikataa, na 40 wakauawa. Vijana hao hawakueleza kwa nini Mungu aliruhusu. Walionyesha tu kwamba jina lake halikuweza kutumiwa kuwagawa.

Hata hivyo mashahidi wa Buta hawakumalizia watu wa Mtendeli kazi yao. Tangu 2017 wakimbizi wamekuwa wakirejeshwa Burundi, na anayerudi hurudi kuwa jirani wa watu anaowakumbuka. Mahubiri mengi humtaka asamehe, tena upesi. Mapokeo ya Kiyahudi yana sheria kali zaidi: dhambi aliyotendewa mtu haifutwi mbele ya Mungu mpaka mwenye kutendewa aombwe radhi kwanza. Aliyeuawa haombeki, wala hapana aliye hai mwenye wakala wa kusamehe kwa niaba yake. Aliyefiwa aweza kusamehe machozi yake mwenyewe, na kuacha kisasi. Hayo ni mengi, wala asidaiwe zaidi ya hayo.

Kitu kimoja cha haki wafu waweza kupewa, nacho ni kutajwa. Mwaka 2020 tume ya Burundi ilifukua karibu na mto Ruvubu, mkoani Karusi, mabaki ya watu 6,032, baada ya kimya cha karibu miaka hamsini. Wayahudi huwaombea wafu wao sala iitwayo Kaddish. Ndani yake kifo hakitajwi. Mungu husifiwa tu, na haisaliwi ila mbele ya watu kumi. Mfiwa hawezi kuitamka peke yake. Wafiwa wengi waliopita Mtendeli hawakupata kaburi la kusimama mbele yake, na kambi yenyewe imefungwa. Majina ya wafu wao, yale yenye Imana ndani yake, bado wanayo vinywani, na wazee wanaoyajua wanapungua.