Nusu ya Bei ya Gari

Kwenye korido za mahakama ya wilaya, ndugu wa mshtakiwa hujulikana kwa bahasha walizoshika. Ndani mna barua ya mtendaji wa mtaa, nakala za vitambulisho na, kwa wenye nacho, hati ya nyumba. Mtu wao amekamatwa na gari alilolinunua, na namba ya chesi imeonyesha kuwa liliibwa. Yeye anasema alilipa fedha yake halali na kukabidhiwa kadi. Kesi itachukua miezi. Leo kinachoulizwa ni kama atarudi nyumbani kuisubiri, au ataisubiri mahabusu.

Swali hilo ni la zamani kuliko magari yenyewe. Neno dhamana limetoka katika Kiarabu, na sheria ya Kiislamu iliyofuatwa na makadhi wa pwani ilitambua mtu kumdhamini mwenzake kwamba atafika mbele ya hakimu. Waingereza wakaja na sheria zilizotungwa India. Mwaka 1897 walianza kuzitumia katika himaya yao ya Afrika Mashariki, na baada ya 1920 zikafika Tanganyika.

Kanuni ya Adhabu ya Tanganyika ilianza mwaka 1930. Kifungu cha 311 kinamwadhibu kwa kifungo cha hadi miaka 10 anayepokea mali ya wizi akijua, au akiwa na sababu ya kuamini, kuwa ni ya wizi. Kila kitu kinategemea kujua huko. Aliyenunua usiku kwa bei ya kutupa, bila kumwona mwenye jina lililo kwenye kadi, ana maswali mazito ya kujibu. Aliyeandikiana mkataba mbele ya mashahidi na kuhamisha umiliki yuko mahali pengine kabisa. Lakini hayo hupimwa kwa ushahidi, na ushahidi husikilizwa baadaye.

Tanganyika ilipata uhuru mwaka 1961 bila haki za binadamu kuandikwa katika Katiba. Ziliingizwa mwaka 1984, na wananchi wakaanza kuzidai mahakamani mwaka 1988. Katikati, mwaka 1985, ikapitishwa Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, ambayo kifungu chake cha 148 kiliwanyima dhamana washtakiwa wa makosa kadhaa. Katika shauri la Daudi Pete, lililohusu unyang'anyi wa kutumia nguvu, Jaji James Mwalusanya wa Mahakama Kuu Mwanza aliona katazo hilo linavunja Katiba. Mwaka 1991 Mahakama ya Rufani chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali ilikubaliana naye.

Mvutano haukuisha. Mei 2020 Mahakama Kuu ilikitengua kifungu cha 148(5). Agosti mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikakirejesha. Kenya ilishika njia nyingine: ibara ya 49 ya Katiba ya 2010 inampa kila aliyekamatwa haki ya kuachiwa kwa masharti ya kadiri, isipokuwa pakiwepo sababu nzito za kumzuia.

Nchini Tanzania, kununua mali ya wizi hakukuwekwa katika orodha ya makosa yasiyo na dhamana. Kikwazo kilikuwa fedha. Kifungu hichohicho cha 148 kiliweka sharti kwamba mali ikizidi thamani ya shilingi milioni 10, mshtakiwa aweke fedha taslimu au mali inayofikia nusu ya thamani hiyo, na nusu nyingine aisainie bondi.

Tuchukue gari la milioni 24. Mnunuzi amekwisha kulipa, na aliyemuuzia hapokei simu. Gari lenyewe limeegeshwa kituoni kama kielelezo, matairi yakiisha upepo na majani yakiota chini yake. Sasa atafute milioni 12 nyingine, wakati hakuna shahidi hata mmoja aliyesikilizwa. Mwenye shamba atauza shamba. Asiye nalo atabaki ndani.

Sharti la nusu lilikusudiwa kuhakikisha mali ya watu haipotei. Gari lililo mikononi mwa polisi halijapotea. Popote sharti la namna hiyo linapotumika, gari lililoshikiliwa lihesabiwe kuwa ndiyo amana ya mshtakiwa, na wadhamini wawili wenye makazi yanayojulikana watoshe.